Vitabu Vitatu kwa Jina la Mjomba

Mimi sijaandika kitabu hata kimoja. Naanza na hilo kwa sababu huku kwetu, kuanzia vijiji vya Chiola mpaka Nachingwea mjini, vinatembea vitabu vitatu vyenye jina langu kwenye jalada, jina zima, la kwanza na la pili. Shule niliishia darasa la tano. Vitabu hivyo aliviandika kaka yangu, mtoto wa mama mkubwa, na jina ni lake kama lilivyo langu. Yeye yuko Dar es Salaam anakula matunda yake. Mimi ndiye niliyebaki kijijini kuyajibu.

Nieleze limetokea vipi, maana watu wa kuja, walimu na mabwana afya wanaoletwa kutoka mikoa mingine, jambo hili huwa hawalielewi. Kwetu mtoto wa kiume akitoka kumbini, yaani kule porini anakofundwa jando, hatoki na jina aliloingia nalo. Anapewa jingine, na mara nyingi mwenye kumpa ni mjomba wake. Mimi na kaka tuliingia kumbi moja, msimu mmoja. Mjomba wetu alikuwa na dada wawili tu, mama yangu na mama mkubwa, na kila dada alikuwa na mtoto mmoja wa kiume. Hakutaka kubagua. Akatupa wote wawili jina lake mwenyewe, kamili kama lilivyo. Tulitoka pale tumepakwa mafuta, tumevaa kaniki mpya, watu wawili jina moja. Tangu hapo kaka akawa ananiita somo, nami namwita somo, na tulikuwa tunacheka.

Mjomba alipofariki, kaka alikuwa tayari mwalimu mjini. Kwa hiyo jina nikalikalia mimi. Kulikalia jina maana yake ni kubaki kwenye mikorosho ya marehemu, kufyeka makaburi, kusimama mbele kwenye misiba ya ukoo, na jina likileta neno, wewe ndiye unayeitwa. Hata kama jina hilo wanalo watu watano, anayeulizwa ni yule aliye nyumbani. Wazee hawaoni watu wawili hapo. Wanaona mjomba mmoja, na mjomba yuko pale yalipo mashamba yake.

Kitabu cha kwanza kilikuwa cha hadithi za sungura, kwa ajili ya watoto wa shule. Kilipofika shule ya msingi ya kwetu, mwalimu mkuu alinitumia ujumbe niende nikaongee na wanafunzi. Nilikwenda nikiwa na jembe begani kuwaeleza kwamba wamekosea mtu. Mwalimu mkuu akacheka sana. "Mwandishi mnyenyekevu!" akawaambia watoto, wakanipigia makofi. Nikarudi nyumbani. Mke wangu akaniuliza walitaka nini, nikamwambia. Akasema, "Basi na wewe, si ungewasimulia hata kisa kimoja? Umewanyima watoto sungura kwa sababu ya kiburi cha ukweli."

Tulicheka na hilo nalo.

Cha pili kilikuwa kijitabu cha kulima korosho. Kaka hajawahi kupuliza salfa hata mti mmoja. Mikono yake ni ya chaki. Lakini aliandika namna ya kupogoa na wakati wa kupuliza dawa, na kijitabu kikagawiwa bure vijijini. Waliokifuata wakapuliza mapema, wengine maua yakawaungulia. Nani aliyefuatwa? Walikuja wawili kutoka Nambambo na bodaboda, nikiwa juu ya mti wangu nakata matawi makavu.

"Shuka chini, bwana shamba."

"Mimi si bwana shamba."

"Hapa pameandikwa jina la nani?"

"Jina ni langu, maneno si yangu."

Mmoja akamgeukia mwenzake. "Unamsikia? Jina lake, maneno ya jirani. Kama mtoto aliyeiba sukari, mdomo wake, ulimi wa mwingine."

Nilishuka, nikawaonyesha mikorosho yangu ambayo nilikuwa sijaigusa kwa dawa, nikawapa maji ya kunywa, wakaondoka wakinung'unika. Siku hiyo nilimpigia kaka simu. Nilimwambia, somo, ukiandika tena weka hata picha yako. Akasema wachapaji hawapendi picha. Akasema pia, na hili nalikumbuka kwa sababu lilinikera zaidi, "Lakini somo, si unapata heshima? Watu wanalipa jina la mjomba heshima." Yeye aliliona jina kama shati tunaloazimana. Hakuwa amelivaa siku za jua kali.

Kisha kikaja cha tatu.

Cha tatu kilikuwa kitabu chenyewe, kinene, kimeshonwa vizuri, na kilihusu jando. Humo mlikuwa na nyimbo za kumbini. Mlikuwa na mafumbo yake na majibu. Mlikuwa na yale ambayo mimi baba wa watoto wanne sijawahi kumtamkia mke wangu, wala yeye hajawahi kunitamkia ya kwao ya unyago, na tumelala kitanda kimoja zaidi ya nusu ya umri wetu. Kwetu mwanamume akiyatoa hayo nje anatengwa. Kutengwa si kupigwa wala kufungwa. Hakuna anayekusalimia. Hakuna anayekuja kwako ukifiwa, wala wewe huitwi kwa wafiwa. Unakufa ukiwa hai, halafu unakufa tena na mkeo anatafuta watu wa kukubeba hawapati. Hicho ndicho nilichokiogopa, na sikuwa na hofu nyingine yoyote.

Kilivyofichuka ni kwa mkono wa mwalimu mmoja wa sekondari, mtu wa kutoka bara, mwema tu, mwenye sauti kubwa. Ilikuwa msimu wa korosho, tumepanga magunia nje ya ghala la chama cha msingi, wanaume na wanawake, jua limekaza. Nikamwona anakuja na kitabu mkononi, ananyoosha kalamu kwangu.

"Mwandishi! Naomba saini yako, mzee wangu. Hiki ni hazina. Hiki wanangu wa somo la historia lazima wakisome."

Nikamwambia arudi baadaye. Hakusikia, au alisikia akadhani ni ule unyenyekevu. Akakifungua katikati, akawageukia watu. "Sikilizeni mwenzenu alivyoandika," akasema, akaanza kusoma. Hakujua anasoma nini. Kwake yeye zilikuwa nyimbo tu. Alifika mstari wa pili mzee mmoja akapiga kelele, "We mwalimu, nyamaza!" Wanawake waliokuwa nyuma yangu wakajifunika masikio kwa kanga, wengine wakakimbia wakaacha magunia yao kwenye foleni. Mke wangu alikuwa miongoni mwao. "Kwani nimetukana?" mwalimu aliuliza. Wote walikuwa wananitazama mimi.

Kesho yake nikaletewa wito wa kwenda barazani kwa mkuu wa kumbi baada ya sala ya Ijumaa. Mkuu wa kumbi ndiye anayeshika jando lote la upande wetu. Yeye ndiye aliyetuingiza mimi na kaka, na ndiye anayeamua nani ametoa siri.

Nikampigia kaka. Nilimuuliza, haya umeyatoa wapi? Mimi na wewe tuliingia tukiwa wadogo, nimesahau nusu yake, na wewe ulikuwa unalia tu. Akacheka.

"Nimeyatoa kwa mwenyewe."

"Mwenyewe nani?"

"Mkuu. Nilimrekodi kwa simu, siku mbili nzima, nyumbani kwa mama. Aliimba mpaka sauti ikakauka. Alipenda sana kanzu niliyomletea. Muulize mama, yeye ndiye aliyetupikia mbaazi."

Nilikaa chini pale pale shambani. Nikamwambia, basi njoo useme hivyo Ijumaa, au ongea na mkuu kwa simu mbele ya watu. Akasema hawezi, alimwahidi mkuu kwamba hatamtaja kamwe, na mtu wa utafiti akishaahidi hivyo haruhusiwi kugeuka. Hata sauti zenyewe alikwisha kuwakabidhi wenye utafiti waliomtuma.

"Na mimi uliniahidi nini?" nikamuuliza.

"Wewe somo hukuniomba ahadi."

Hapo ndipo kaka aliponiuza, na nasema aliniuza. Alimlinda mkuu kwa ahadi. Mimi aliniachia jina.

Nikaenda kwa mama mkubwa. Mama mkubwa ndiye aliyenilea baada ya mama yangu kufariki, mimi na kaka tulikula sahani moja mlangoni kwake. Nilimkuta anapepeta kunde. Nikamuuliza kwa kuzungukazunguka, maana hayo si ya kumuuliza mwanamke. Akaweka ungo chini.

"Uliza tu, mwanangu. Walikaa ukumbini, mimi niko jikoni. Ukuta wenyewe huu wa fito na udongo ulioanguka. Unazuia nini? Nilianza kupiga sufuria ili nisisikie, yule mzee akaniambia nisimpigie kelele, naharibu kazi ya mtoto. Basi nikasikia. Nimesikia yote."

Sasa nataka msomaji aelewe mtego ulivyokaa, maana mimi nimeukalia mpaka leo. Mkuu wa kumbi ndiye mtoa siri, na ndiye hakimu. Kaka anajua, hasemi. Anayejua mwingine ni mama mkubwa peke yake. Na mwanamke akijulikana amesikia nyimbo za kumbini, kila kidonda cha mwali wa jando kitakachochelewa kupona watasema ni yeye. Mtoto akipata homa, ni yeye. Wangemfukuza na uzee ule. Ili nijitoe mimi ilikuwa lazima nimtoe yeye.

Alijua nilichokuwa nafikiri. "Nitakuja Ijumaa," akasema. "Nitakaa na wanawake kule nyuma. Ukiniita, nitasimama."

Ijumaa baraza lilijaa. Mkuu alikuwa amevaa kanzu nyeupe mpya, na macho yangu hayakutoka kwenye kanzu ile. Kitabu kilikuwa kimewekwa juu ya kinu kilichogeuzwa, kimefunikwa na kitambaa kama kitu kinachonuka.

"Jina lililopo juu ya hiki ni la nani?" akaniuliza.

"La mjomba."

"Anayelikalia nani?"

"Mimi. Lakini mkuu, na wazee wangu wote mnajua, aliyeandika ni kaka."

"Tunajua," akasema. Hakusita hata kidogo. "Nani asiyejua kwamba wewe huwezi kuandika hata barua ya kuomba jembe?" Watu wakacheka. "Wa Dar hatumjui. Atakuja na gari, ataondoka na gari. Jina liko hapa. Tunauliza jina."

Unaona? Siku zote nilikuwa nahangaika kuwaeleza watu kwamba mimi siye. Walimu hawakuniamini. Hawa waliniamini, na haikunisaidia kitu.

Nikasema, "Basi na mimi nauliza. Mtoto aliyelia kumbini siku zote alipata wapi nyimbo zote hizi? Kuna mtu mzima amemwimbia."

Mkuu akajifuta jasho shingoni. "Maneno mazito hayo. Unaye shahidi?"

Nikageuka. Kule nyuma, karibu na matenki ya maji, mama mkubwa alikuwa ameshika bega la mke wangu, anajinyanyua. Magoti yake yalikuwa mabovu, hakuwa mwepesi wa kusimama. Alikuwa amefika nusu, ameinama vile, ananitazama. Kila mtu angemwona muda si mrefu.

"Sina shahidi," nikasema. "Nimesema kwa hasira."

Mkuu akatabasamu. Mke wangu akamvuta mama mkubwa akakaa.

Nikawaomba jambo moja tu. Niliwaambia nivueni jina. Lichukueni na mikorosho yake, mpeni mwingine yeyote, niiteni hata jiwe. Wakakataa. Jina la kumbini halivuliwi, walisema, mtu anazikwa nalo. Wakanitenga papo hapo, na jina wakaniachia.

Mke wangu alikaa siku chache tu akasema hawezi. Kisimani wenzake walikuwa wanasogeza ndoo zao akifika, kama ana ukurutu. Tukafunga mizigo tukaenda Ruangwa, kwa kaka yake mwenye duka la misumari na mabati. Nilidhani Ruangwa itatosha kuwa mbali. Si mbali kwa gari, lakini nilifikiri watu wa huko wana shughuli zao, wanakimbizana na mawe ya madini, nani ana habari na sisi.

Asubuhi ya kwanza shemeji akanitambulisha kwa mteja, kwa jina kamili, kwa nia njema. Mteja alikuwa mwalimu wa kike. Akapiga makofi. "Wa sungura? Wanafunzi wangu wanakupenda!" Kabla ya wiki kwisha kibaraza cha duka kilikuwa kimejaa watoto wanaotaka sungura, na nyuma ya watoto wakaja wazee wawili wenye kofia, wakanitazama, wakamuuliza shemeji kwa sauti ya chini kama huyu ndiye wa Chiola. Wa kumbi wanajuana. Shemeji hakunifukuza. Aliacha tu kula na mimi. Chakula changu kikawa kinaletwa chumbani.

"Turudi," nikamwambia mke wangu. "Heri nitengwe penye mikorosho yangu."

"Mikorosho ya jina," akasema.

"Ndiyo. Ya jina."

Nilikaa kwenye kutengwa misimu miwili. Sitaki kuieleza sana. Nilikuwa naokota korosho peke yangu na mke wangu mpaka viuno vinakufa. Nilikuwa nasalimia watu njiani kwa mazoea, wananipita. Anayenisalimia alikuwa mmoja tu, mama mkubwa, na alikuwa anafanya makusudi kunipigia kelele kutoka mbali, "Mwanangu, umelalaje?" ili wote wasikie. Hakuna aliyethubutu kumtenga kwa hilo. Alikuwa mzee mno, na hawakujua alichonacho kifuani. Mara mbili aliniambia atakwenda mwenyewe kwa mkuu akaseme. Nilimkatalia mara zote mbili, ya pili nikiwa nimemshika mkono.

Alifariki wakati mikorosho inatoa maua. Nikajiuliza nani atachimba kaburi, maana msiba ulikuwa kwangu mwenye kulikalia jina, na kwangu hakuji mtu. Kaka akaja na gari. Mkuu wa kumbi akaja wa kwanza kabisa, akamkumbatia kaka uwanjani kwangu. "Mwandishi wetu," alimwita. Kwa masikio yangu. Yule ambaye hawakumjua barazani. Kwa kuwa mkuu alikuja, wakaja wote, na hawawezi kumpa pole mwenye jina huyu wakamruka mwenye jina yule mbele ya maiti ya mama yao. Wakanipa mkono. Kutengwa kukaishia hapo, bila mtu kutamka.

Baada ya maziko nikamfuata mkuu alipokuwa ananawa.

"Mimi najua mbaazi ulizokula kwa marehemu," nikamwambia. "Siku mbili."

Hakuacha kunawa. "Unaye shahidi?" Kisha akaelekeza kidole chake chenye maji kule makaburini tulikotoka. "Muulize basi."

Usiku wa tatu wa matanga, hapana, ilikuwa mchana wake, kaka alikaa nami kwenye mkeka, akanishika goti. "Somo," akasema, "nimefikiria kitabu kingine. Kuhusu mama. Maisha yake yote. Wewe ulikuwa naye siku zote, utanisimulia, mimi nitaandika." Alikuwa analia kweli, siwezi kusema alikuwa anaigiza. Nikamuuliza jalada litaandikwa jina gani. Akashangaa. "Letu," akasema.

Sikumsimulia kitu. Badala yake nimekaa na kalamu mimi mwenyewe, kwa mwandiko wa darasa la tano, nikaandika haya kabla hajaandika yake. Mkuu wa kumbi aliuza siri kwa kanzu akanihukumu mimi. Kaka alijua akanyamaza. Mama mkubwa alikuwa tayari kusimama, na mimi ndiye niliyemkalisha, na ningemkalisha tena. Sasa wamjue hivyo.

Nilipeleka karatasi mjini Nachingwea, kwa binti anayechapa kwenye duka la fotokopi karibu na stendi. Alichapa siku nzima, mara anafuta macho, mara anacheka. Alipomaliza akaniuliza jina aandike lipi hapo juu.

Nikamwambia asiandike.

"Kwa nini, baba? Kazi nzuri hivi?"

"Ukiliandika, watasema ni ya kaka."

Akaniangalia vizuri, kisha akaangalia ukurasa wa kwanza, kisha mimi. "Lakini baba," akasema taratibu, kama mtu anayemstiri mwenzake, "mimi sitamwambia mtu. Si ndiye wewe, yule mwandishi wa sungura?"